Tone la Mwisho la Melkiori

Muramu wangu Melkiori,

Najua sina haki ya kukuita muramu. Shemeji huitwa shemeji pale ndoa inapofungwa, na yako mimi ndiye niliyeizuia. Lakini kabla hujaichana barua hii, jua kwamba anayekuandikia amenenepa, ana miwani, na ana kipara ambacho binti yangu anadai kinaonekana toka barabara ya Kasulu. Mtu wa namna hiyo hawezi kukudhuru tena. Naandika waziwazi, asome yeyote, kwa sababu sijui uliko, na kwa sababu nilichokufanyia nilikifanya mbele za watu.

Ulifika Kidahwe miaka ile ya wakimbizi, boti zikiteremsha watu Kigoma toka Burundi, na malori ya kambini yakipita mbele ya kibanda changu cha kutengeneza baiskeli. Wewe hukuwa ndani ya lori. Hilo ndilo la kwanza nililokushuku. Ulikuja kwa miguu, sanduku la bati kichwani, shati limefungwa vifungo mpaka shingoni, ukamwuliza mama yangu kama ana chumba. Ukasema ulikuwa mwalimu wa seminari. Mama akakujibu chumba kipo, ila uani kwake watu hunywa pombe ya ndizi kila Jumapili baada ya misa.

"Afadhali, Mama," ukasema.

Nikajiambia: seminari gani hiyo?

Jumapili ya kwanza Mama alileta chungu, akaonja yeye kwanza kama desturi yetu inavyotaka, ili mgeni aone kwamba hakuna kilichotiwa ndani. Ukainamisha kichwa kwa heshima, ukasema hata kwenu ni hivyo hivyo. Hapo nilikupenda kwa dakika tatu hivi. Kisha tukachomeka mirija chunguni, kila mtu na wake, na wewe ukaomba kikombe. Mtu gani anakataa kunywa chungu kimoja na wenzake? Halafu ukaomba maji ya kuchanganya. Mzee Filimoni, ambaye hakuwahi kuchelewa Jumapili hata moja, uani kwa Mama nasema, siyo kanisani, akauweka mrija wake chini.

"Mwalimu, unataka kuiogesha?"

Ukacheka, ukatuambia habari za Wagiriki wa kale. Kwamba walikunywa divai iliyotiwa maji, na aliyekunywa kavu walimwona mshenzi. Kwamba walimchagua mmoja wao awe mkuu wa kinywaji, aamue wachanganye kiasi gani na wanywe vikombe vingapi. Kwamba walipeana tawi, na anayelishika sharti aimbe, kisha ampe mwenzake. Mama akauliza, "Ndio wale walioandikiwa barua na mtume?" Ukajibu ndio hao hao. Mama akasema sasa anaelewa kwa nini aliwaandikia mara mbili.

Watu walikupenda, Melkiori. Hilo nalo nililishuku. Wiki ya tatu Mzee Filimoni alikuwa mkuu wa kinywaji, tawi la mpera mkononi, anamwamuru karani wa mahakama aimbe. Na wiki ya nne ndipo ulipoleta ule mchezo.

Ulisimika kijiti uani. Juu yake ukalaza kifuniko kidogo cha kopo, chini ukaweka kile kifuniko kikubwa cha sufuria ya Mama. Ukatandika mkeka, ukalala ukiegemea kiwiko cha kushoto, ukapitisha kidole kwenye sikio la kikombe cha bati. Ulipobakiza mashapo tu, ukazungusha kiganja, tone likaruka, kifuniko kidogo kikaanguka juu ya kikubwa: ngaa! Uani wote wakapiga kelele. Ukatueleza kwamba kabla ya kurusha, unataja jina la mtu umpendaye. Kikilia, bahati ni yako.

Wote walijaribu. Mzee Filimoni alitaja jina la ng'ombe wake, akalowesha viatu vya karani. Mimi sikutaja mtu. Nilirusha kimya, tone likarudi usoni kwangu. Yustina, mdogo wangu, aliyekuwa anachuja pombe na Mama, alicheka mpaka akakaa chini. Wewe ulimtazama akicheka. Nami nikakutazama wewe.

Mama alikuwa ameshaniambia. Ulikuwa umemfuata, kwa adabu zote, kumwuliza kama ukoo wetu ungekubali uje umwombe Yustina. Baba alikuwa amefariki, kwa hiyo neno lilikuwa langu. Hebu fikiria: mimi, ambaye nilikuwa sijaaminiwa hata funguo za baiskeli za watu, nimeshikilia maisha ya watu wawili. Nilimwambia Mama nitafakari. Kutafakari kwangu kulikuwa ni kukuchunguza. Nilichungulia sanduku lako. Mlikuwa na mashati mawili na kitabu chenye herufi ambazo hazikuwa za nchi yoyote niliyoijua. Nikalifunga, nikanawa mikono.

Jumapili iliyofuata ulirusha tone lako ukinong'ona. Wengine hawakusikia. Mimi nilikuwa nimekaa karibu kwa kusudi hilo, na nilisikia: "Yustina." Kifuniko kikalia.

Jumanne Yustina akashikwa na homa.

Zahanati walisema ni malaria. Lakini mimi fundi baiskeli nilijua zaidi ya zahanati. Nilikuwa nimemwona mtu, kwa macho yangu, akitaja jina la dada yangu na kumwaga pombe. Unajua mwenyewe sisi watu wa mkoa huu tunavyosemwa kwa uchawi na nchi nzima, na huenda ndiyo maana tunakuwa wepesi kuona tulichosingiziwa. Nilimwambia Mzee Filimoni. Kumwambia Mzee Filimoni ni sawa na kubandika tangazo. Jumatano mwenyekiti wa kijiji alikuwa amekaa uani kwetu, watu wamejaa mpaka migombani.

"Mwalimu, ulitaja jina la binti huyu ukimwaga pombe?"

"Nililitaja, Mzee."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu nampenda. Ndivyo mchezo ulivyo."

"Mchezo wa nani?"

"Wa Wagiriki wa kale, Mzee."

"Wako wapi tuwaulize?"

"Walishakufa."

Mzee Filimoni, aliyekuwa amerusha matone kuliko mtu yeyote, akauliza kwa sauti ndogo: "Wote?"

Leo nacheka. Siku ile sikucheka, nawe hukucheka. Mwenyekiti alinigeukia. Alisema mwenye neno ni kaka wa binti. Nikisema ni mchezo tu, unabaki. Nikisema nina shaka, lori la kambini litakuchukua kesho yake. Mama alinitazama. Ningeweza kusema neno moja. Nilisema, "Mimi nina shaka."

Alhamisi asubuhi lori lilisimama barabarani. Mama alikuletea kikombe cha kuagana. Akanikabidhi mimi, maana ndimi mwanamume wa nyumba, nikupe kwa mkono wangu. Ilinipasa nionje kwanza. Nilikuwa nakiinua kikombe mdomoni ulipokishika kwa mikono miwili, ukakichukua, ukanywa bila mimi kuonja.

Unajua nilifikiri nini? Nilifikiri: huyu ana dawa yake, ndiyo maana haogopi sumu.

Ulibakiza tone. Kijiti chako kilikuwa bado kimesimama uani na vifuniko vyake, hakuna aliyethubutu kukigusa. Hukulala kwenye mkeka safari hii. Ulisimama tu na sanduku lako miguuni, ukanitazama, ukalitaja jina langu kwa sauti, watu wote wasikie: "Zakaria." Ukarusha. Kikalia kuliko siku zote.

Niliingia ndani nikajifungia. Wiki nzima nilingoja kufa. Nilimwandikia Mama wosia: baiskeli mbili, moja haina mnyororo. Yustina ndiye aliyeniletea uji, maana yeye alikuwa ameshapona.

Sasa nikuambie kilichonifanya nishike kalamu. Binti yangu Neema anasoma sekondari Kigoma mjini. Mwezi uliopita alikuja na simu, akasema, "Baba, hebu waone walevi hawa wa zamani." Ilikuwa picha ya bakuli la kale la Wagiriki. Juu yake amechorwa mtu ameegemea kiwiko cha kushoto, kidole kwenye sikio la kikombe. Nilimwambia asome maandishi. Akasoma: kijiti, kisahani juu, mashapo ya divai, jina la mpendwa. Yote. Muramu, sitakuficha: kwanza nilishuku kwamba wewe ndiye uliyeiweka picha ile huko kwenye mtandao. Nilimwuliza Neema kama kuna jina la Mrundi chini yake. Hakuna.

Nikapanda pikipiki mpaka Kalinzi, alikoolewa Yustina. Mumewe ni mkulima wa kahawa, mtu mwema, ambaye nilimchunguza miaka miwili. Nikamweleza Yustina yote, na picha nikamwonyesha. Aliitazama muda mrefu.

"Kaka, ndiyo unaniuliza leo?"

Alinimiminia chai, na kabla ya kunipa, akainywa kidogo yeye kwanza, ananitazama machoni. Nimeifikiria chai ile njia nzima ya kurudi. Kama kuna siku nimeelewa ladha ya kushukiwa, ni siku ile.

Basi nimekaa na hesabu iliyonishinda tangu ujana. Kama mchezo ulikuwa wa kweli, na jina lilikuwa la mtu umpendaye, basi siku ile, mbele ya lori, mbele ya watu wote waliokuwa wamekugeuka kwa ajili yangu, ulikuwa na tone moja na jina moja la kutaja. Ungeweza kutaja la Yustina. Ulitaja langu.

Bado natafuta hila ndani yake. Nimezoea, unisamehe. Sijaiona.

Jana nilisimika kijiti uani. Mama hayupo tena, lakini kifuniko chake cha sufuria kipo. Nililala kwa kiwiko cha kushoto, Neema akanisaidia, na baadaye akanisaidia pia kuinuka. Nikataja jina lako kwa sauti, majirani wasikie, wanishuku wakitaka. Tone lilirudi usoni kwangu.

Nitaendelea kujaribu. Ukiwa bado hai, popote ulipo, pita Kidahwe. Nitakupa kikombe kwa mkono wangu mwenyewe. Na safari hii, tafadhali, kiache kwanza mkononi mwangu. Niache nionje.

Muramu wako, kama utakubali,
Zakaria wa baiskeli