Uwanja Alioufagia Bi Somoe

Kaka Salum,

Ni mimi Zuhura, mnasa sauti wako. Tangu tukuzike Mikindani sijashika tena kipaza sauti. Kamera yako amepewa mwingine. Anawapanga watu mstari kabla hajawapiga picha, anawaambia wacheke. Mimi nimehamishiwa stoo.

Filamu yetu imekwisha. Nilidhani siku hiyo ningekuandikia kwa furaha.

Unamkumbuka Bi Somoe, yule mama wa bondeni Kilambo, siku walipohamishiwa kijiji kipya? Vyombo vilishapakiwa, kuku wamefungwa miguu, lori linanguruma. Yeye akachukua ufagio, akaanza kufagia uwanja wa nyumba ambayo asingelala tena. Akafagia mpaka chini ya mikorosho. Dereva akapiga honi, hakugeuka. Nilitaka kumwuliza neno, ukanishika mkono: "Muache. Sisi tumekuja kutazama." Ukatazama mpaka mkanda ukaisha kwenye kamera, na hata ulipoisha hukuondoa jicho. Ulikuwa unalia, kaka. Usikatae, nilikuona.

Sasa juzi wakubwa wa ofisini wameipeleka filamu kijiji kipya cha kina Bi Somoe, nami nikaenda nao. Walitundika mikeka kwenye madirisha ya darasa ili kuwe na giza mchana ule. Bi Somoe alikaa mbele na kanga mpya. Alipojiona akaziba mdomo, akacheka kama msichana. Kisha kwenye filamu ukaingia muziki wa bendi. Sauti ya ufagio wameifuta yote. Na mtangazaji akasema mama huyu anafagia makazi yake mapya kwa furaha.

Watu wakapiga makofi. Bi Somoe akasimama.

"Hapo si kwangu bondeni? Si mikorosho yangu hiyo?"

Akanigeukia. "Mwanangu, wewe ulikuwepo. Waambie."

Nikawaambia, kaka. Nikasema ni Kilambo, ni siku ya kuhama. Mkubwa mmoja akatabasamu tu. "Dada, filamu imeshapitishwa." Wakairudisha mwanzo kwa ajili ya waliochelewa.

Bi Somoe hakutoka. Aliitazama mara ya pili, midomo inakwenda bila sauti. Nilikaa kando yake na sikuwa na la kumfanyia. Baadaye akaniuliza yule kaka wa kamera yuko wapi, aje awaeleze. Ikabidi nimwambie kwamba homa ilikuchukua, hata wiki haikupita tangu tutoke kwao. Akasema inna lillahi, akanishika mabega, akanipa pole. Yeye, kaka! Yeye ndiye aliyenipa pole mimi.

Nimeomba vipande walivyovikata, angalau nivihifadhi. Wamesema vimechomwa. Kila usiku najiuliza wewe ungefanya nini. Labda na wewe wangekutabasamia vilevile.

Ahadi niliyonayo ni ndogo, hata naona haya kukuahidi. Popote watakapoionyesha nami nikiwepo, nitamnong'oneza aliyekaa karibu yangu: hapo ni Kilambo, na huyo mama anauaga uwanja wake. Asipotaka kusikia, nitamgeukia wa upande wa pili.

Kwa leo nakuacha, kaka. Mungu akupanulie kaburi lako.

Zuhura