Baba Yako Amejaza Ukumbi wa Nizwa

Bi Hana wangu,

Shikamoo. Najua hutaniitikia marahaba, lakini nikianza barua yako kwa namna nyingine nitaona nimekukosea adabu.

Nimeolewa, Bi Hana. Nimeolewa na Khalfan, yule kijana wa Ibra ambaye ulisema ana macho ya mtu anayejua kusikiliza. Asubuhi namtazama anavyokunywa kahawa yake, najiuliza, huyu ni wangu kweli? Ametoka kwenda kazini sasa hivi tu, na nimeshaanza kumngoja. Ungekuwepo ungenigonga begani uniambie, "Tulia, mtoto."

Lakini leo sikuandikii habari za Khalfan. Nakuandikia habari za baba yako.

Mama huwahadithia wageni kuwa wewe, muuguzi wa Kiholanzi, ndiye uliyempokea alipozaliwa Unguja, na jamaa zetu walipohamia Oman nawe ukaja, ukazeekea hapa Nizwa. Mimi nakukumbuka kwa ile kanda ya video. Uliniwekea sahani ya haluwa, ukafunga mapazia, ukaiwasha. Ukanieleza kuwa baba yako alikuwa katika watu wa mwanzo kutengeneza filamu za hadithi kwao Uholanzi, zama filamu hazijapata sauti. Alijenga nyumba nzima ya vioo ili jua liwaangazie waigizaji, na mvua ikinyesha kazi ikalala. Hadithi alitafuta yeye, watu alikusanya yeye, hata magunia ya unga aliyabeba yeye. Kisha siku ya kuonyesha akasimama kando ya pazia la picha, akawaeleza watu kwa mdomo wake kila kinachotokea.

Filamu zake zote zilipotea ila hii moja, ya binti wa msaga unga na mchumba wake aliyejificha ndani ya pipa la unga baba mtu asimwone. Na yule mtoto mdogo anayefukuza mabata ni wewe.

"Filamu bila watu wa kuicheka ni shuka iliyoanikwa tu," ulikuwa ukisema. Ukanifundisha maneno ya baba yako kwa Kiswahili, wapi niharakishe, wapi ninyamaze. Ulitaka kitu kimoja tu, ijaze ukumbi mara moja tena. Ukafariki haijajaza hata sebule. Siku ile nilikaa kitandani kwako na kanda mapajani.

Kwa hiyo nilipoulizwa nataka nini harusini, nikasema nataka filamu ya Bi Hana. Mama mkwe, Bi Zuwena, akaguna. "Filamu ya Wazungu, tena bubu? Watu watakwenda zao." Sikubadili neno. Tukapachika shuka nyeupe na kuweka projekta ukumbini upande wa wanawake, na dada yangu Raya akakubali kueleza, maana bibi harusi hukaa juu ya kosha, kiti chake cha jukwaani, amepambwa, macho chini, hasemi wala hacheki.

Filamu ikaanza. Raya akashika kipaza sauti, akaangalia ule umati, akakauka. Nyuma wakaanza, "Mbona haisemi? Imeungua hiyo." Mwengine akasema, "Turudishieni taarabu yetu." Watu wakaanza kugeuziana viti wazungumze. Bi Zuwena akaniinamia, "Waambie wazime, mama, tusiaibike."

Nilikuona pale kwenye shuka, Bi Hana, na mabata yako. Nikanyoosha mkono, nikachukua kipaza sauti.

"Msizime," nikasema. "Huyu mtoto namjua."

Bibi mmoja akasema, "Yallah, bibi harusi anasema." Na kweli nikasema. Nikawaeleza yote kama ulivyonifundisha, wasiojua Kiswahili nikawatilia Kiarabu. Baba mtu alipokaa juu ya pipa, wakapiga kelele, "Mwondoeni huyo mzee." Mchumba alipotoka mweupe kwa unga na mzee akamkimbia akidhani jini, Bi Hana, wamecheka mpaka wengine wamefuta wanja. Nami nimecheka, juu ya kosha, meno nje.

Ndipo mlangoni wakaja kusema bwana harusi kafika, wanawake wajifunike, aingie kumchukua mkewe. Hapana aliyenyanyuka. Bi Zuwena mwenyewe, aliyetaka izimwe, akasema bila kugeuza shingo, "Mwambieni mwanangu asubiri. Hatujajua kama huyu msichana ataolewa."

Khalfan wangu akasubiri nje, na joho lake na jambia lake kiunoni, mpaka filamu ya baba yako ikaisha. Alipoingia akaniuliza kwa sauti ndogo, "Nani alikuwa akiwachekesha hivyo?" Nikamwambia ni mzee mmoja wa Kiholanzi.

Wifi yangu anaolewa mjini Sur karibuni, na ameshaniambia hataki harusi bila ile kanda. Nitakwenda. Nakuahidi kila ukumbi utakaoniita nitasimama kando ya shuka, na kabla sijasema lolote nitalitaja jina la baba yako, kisha lako.

Lala salama, Bi Hana. Walikucheka na mabata yako, na walikupenda.

Mwanao,
Salma