Siku Vigelegele Vilipokosekana

Mjukuu wangu Wanjiru,

Huku ughaibuni, Adelphi, tu wazima. Mama yako ametoka shifti, amelala. Umeniuliza kama nilikielewa kitabu chako kuhusu hotuba za wanasiasa.

Nilipokuwa msichana, mbunge alikuja kwetu kutuahidi maji kwa mara nyingine. Akatua kidogo, akingoja vigelegele. Mama yangu ndiye aliyevianzisha siku zote. Siku hiyo alifunga mdomo, na wanawake wote wakanyamaza naye. Mbunge akapotelewa na maneno, akaketi.

Wewe umeandika kwamba msikilizaji naye huhutubia. Nilipofika hapo niliikumbuka siku ile. Mama yangu hakujua kusoma, na leo jina lake, ulilorithi wewe, liko juu ya jalada.

Ni mimi shosho wako.