Miradie Ameandika Kijiji cha Wengine

Barking, London
Jumapili, 18 Mei 2008

Yaya Eufrasia, dada yangu mkubwa, Miradie ameandika kitabu! Kitabu kizima, kurasa mia na kumi, jina lake juu ya jalada, na Waingereza wamepanga mstari kukinunua!

Haya, sasa nikusalimu kama mtu aliyelelewa. Mpendwa yaya wangu, u hali gani huko Bruseli? Magoti yamepoa? Shemeji anameza dawa zake za presha au bado anabishana nazo? Sisi tu wazima, ila mgongo wangu tu, maana kusafisha ofisi za watu si mchezo.

Kitabu chenyewe ni historia ya Ellerden, kijiji anakofundisha shule ya msingi. Ni kidogo, ukipiga chafya umeshakipita. Lakini mwanangu amekichambua kama mchele. Kanisa la mwaka 1308 na kengele yake yenye ufa. Daraja la mawe, na mawe yalikotoka. Baa iliyoungua mwaka 1662 ikajengwa upya. Wazee wa pale walikuwa wamesahau nusu, Miradie akawakumbusha. Nani mwingine katika ukoo wetu amewafundisha Wazungu habari za babu zao? Mwambie mke wa kaka Philemon, yule anayetuchosha na mwanawe wa benki.

Jana walikizindua ukumbini. Nilivaa kile kitenge cha bluu ulichonitumia, nikaketi mbele kabisa. Mzee mmoja mkulima akasimama, akamsifu sana, kisha akamwuliza kwa upole: “Na wewe mwenyewe, binti, kwenu ni wapi?”

Miradie akatabasamu. “Barking.”

Watu wakacheka, wakapiga makofi. Mikono yangu ilibaki mapajani.

Yaya, Barking! Mtoto anajua nani amelala chini ya kila jiwe la Ellerden, na kaburi la mama yetu halijui. Baa ya watu imeungua mara moja, miaka mia tatu na zaidi iliyopita, na bado imeandikwa. Kijiji chetu cha Nyakabanda kimeungua mara mbili machoni pako. Nani ameandika?

Kwenye treni nikamwaga yote. Nikamwambia anatuonea haya, amejigeuza Mzungu kwa kalamu. Tulipofika Ilford akasema, kwa Kiingereza chake, nami nakuandikia kwa lugha yetu: “Mama, ni wewe uliyenifundisha. Nilikuwa na miaka mitano.”

Ni kweli, yaya. Mwaka 1990, katika kile chumba cha kwanza tulichopewa, nilimshika mashavu nikamwambia: “Yeyote akikuuliza kwenu ni wapi, sema Barking. Usitaje kijiji, usimtaje baba.” Séraphin wangu alikuwa bado gerezani kule, nami niliamini masikio ya serikali yametufuata mpaka huku. Séraphin akafa, serikali ile ikaanguka, hofu ikaisha. Sikumwambia mtoto kwamba imeisha. Miaka kumi na minane ametii. Kila Jumapili kanisani najisifu kwamba binti yangu ana adabu, kumbe adabu hiyo hiyo ndiyo imenichoma.

Akatoa daftari jipya, akasema, “Basi anza.” Nikaanza kwa mbwembwe: kisima, kanisa la matofali, lile jiwe pana la kuanikia mihogo. Akaniuliza jiwe liliitwaje. Kanisa nani alilijenga. Kaburi la bibi liko upande gani wa njia. Sikujua hata moja. Mimi nilikimbia, yaya. Wewe ulibaki, wewe ulimzika mama kabla ya kuja Ulaya. Usiposema wewe, mwanangu ataandika Barking na kwetu kutakuwa hapa, juu ya duka la kuku.

Kwa hiyo njoo. Philemon aje na ile picha ya ubatizo, mkewe pia aje, nitamvumilia. Msalimie shemeji, na mdogo wetu Serge, nyimbo za kisimani asizisahau.

Mungu aliyetuvusha maji yote yale ayape magoti yako nguvu ya safari hii moja. Mihogo nitapata, vitanda nitaazima. Miradie ameshachonga penseli. Nawangoja wote hapa kwangu Jumamosi, tarehe 28 Juni.

Mdogo wako asiyeacha kukupenda,
Angélique