Sikio Nililoliona, Uso Nisiouona

S.L.P. 214,
Kitengela.

9 Agosti 2006

Mpendwa binti yangu Immaculate,

Salamu nyingi kutoka Kitengela. Natumaini barua hii itakukuta mzima, na kwamba zamu za hospitali huko Leeds hazijakumaliza nguvu. Huku mvua imetunyima, na vumbi la malori ya saruji limeingia hadi kwenye sufuria. Mama yako mkubwa Wilkister hajambo, isipokuwa lile goti.

Mimi sijambo kwa kusema tu. Figo zimechoka. Daktari hazungumzi tena na mimi, anazungumza na Wilkister. Wewe ni muuguzi, unajua maana yake. Ndiyo sababu naandika mwenyewe, kidogo kidogo, kabla mkono haujakataa.

Jambo lenyewe ni la marehemu baba yako. Alipouawa ulikuwa shule ya bweni, na ulichokijua ulikipata kwangu: kwamba nilimwona muuaji, nikamtambua, akafungwa. Imma, sikumwona.

Asubuhi ile nilikuwa nampelekea baba yako, Oyoo, mikate dukani kwake kabla hakujapambazuka. Stima ilikuwa imepotea. Watu wawili walitoka mbio, mmoja akanipita karibu sana, kichwa ameinamisha. Taa yangu ya mafuta ilimmulika upande mmoja. Niliona sikio lililotobolewa, ndewe yake ndefu imekunjwa na kupachikwa juu ya sikio, kama wafanyavyo wazee wa Kimaasai ili isiwasumbue. Kisha nikaingia, nikamkuta ndugu yangu sakafuni.

Baadaye niliitwa kituoni kwa gwaride la utambuzi. Wanaume walipangwa mstari, nami nikaambiwa nimguse bega yule niliyemwona. Wengi walikuwa makanga wa matatu na vibarua wa mjengo waliookotwa barabarani, masikio yao mazima. Mmoja tu alikuwa na ndewe iliyokunjwa. Jina lake Parsaoti, mfugaji kutoka Kisaju. Nilimgusa. Ningemgusa nani mwingine?

Pale kituoni nilisema, "Anafanana naye." Mahakamani niliulizwa kama niliuona uso. Wakili wake alikuwa amenichokoza, eti macho ya mzee hayaamki mapema. Nilikuwa mwalimu, nimezoea kuaminiwa, na watu wetu walikuwa wamejaa viti vyote wakinitazama. Nikasema, "Niliuona. Ndiye." Hakimu alisema mwalimu ni shahidi asiyetikisika. Parsaoti akahukumiwa kunyongwa.

Nje, mama yake alinisimamisha. Hakuwa akilia. Alisema, "Mwalimu, wewe umeangalia kijana yangu siku mzima. Kovu ya uso yake iko upande gani?"

Sikujua. Sikujua hata kama ana kovu. Nikamwambia, "Mama, kesi imeisha," nikaenda zangu.

Miaka ikapita, nikajifariji kwamba kovu si kitu. Kisha mwaka jana nilienda soko la mbuzi Kisaju. Mtu mmoja akanipita, ndewe imekunjwa juu ya sikio. Moyo ukaniambia ni yule wa asubuhi ile. Ilikuwa hakika ile ile niliyokuwa nayo kwenye gwaride, haikupungua hata chembe. Alipogeuka, alikuwa kizee asiye na meno, anatembea kwa mkongojo. Na kabla sijatoka sokoni, moyo uliniambia vile vile kwa mtu mwingine. Nimeishi na Wamaasai tangu nitoke Siaya, nimewafunza watoto wao kusoma, na kumbe sikuwahi kuwatazama baba zao zaidi ya masikio.

Rufaa ya mwisho ya Parsaoti itasikizwa Oktoba. Nimemwomba wakili aje hapa nyumbani Alhamisi, niape na kutia sahihi kwamba sikuuona uso. Huenda wakanishtaki kwa kiapo cha uongo. Wakitaka hivyo, itabidi waharakishe.

Wilkister hakupenda. "Mtu hawezi hata kufika choo, anataka kesi," alisema. "Si ungoje ufike huko, umwambie Oyoo mwenyewe?" Nikamjibu kwamba si Oyoo niliyemfunga. Akaenda kunitafutia kalamu.

Jamaa zetu watasema nimeuza damu ya ndugu yangu. Labda nawe utasema hivyo. Umekaa miaka hii yote ukijua kesi ya baba yako ilikwisha, nami nakufungulia kidonda. Sikuombi ruhusa. Nikikuomba nawe ukakataa, nitakutii, kwa sababu nakupenda, na yule mtu atafia humo ndani. Nakuomba tu ulisikie kwangu kabla ya kulisikia kwa wengine.

Nasike dada yako, aliye Rongai, anakusalimu na kusema picha za harusi yenu zilifika. Wilkister naye anakusalimu. Msalimie mumeo Melvin, mwambie namshukuru kwa kukutunza. Mungu asimame karibu nawe kila unapoinama juu ya kitanda cha mgonjwa, na akuzeeshe ukiwa na moyo mwepesi kuliko wangu.

Siku watoto wako watakapouliza nani alimuua babu yao, waambie hatujui. Ni jibu baridi, binti yangu, lakini halimfungi mtu ambaye sikumwona.

Wako akupendaye, hata ukinikasirikia,

Baba yako mkubwa,
Zablon Okoth