Papa, Hukuwahi Kuiona Ujiji

Papa yangu,

Nakuandikia nikiwa na hasira, kwa hiyo salamu ndefu usizitazamie. Jumatatu alinijia mwalimu mmoja kijana kutoka Giheke, daftari mkononi, ati anakusanya habari za mji wetu: Wajerumani, Wabelgiji, uhuru. Akaketi kando ya cherehani yangu hapa Kamembe, akauliza kwa adabu zote, "Maman, familia yenu ilitokea wapi?" Nilimfokea mpaka akasahau kalamu yake. Maskini, hakunikosea kitu.

Jibu la swali hilo ulinifundisha wewe. Kila Ijumaa ukitoka msikitini ulitupanga mkekani, mmoja mmoja, tukutajie ukoo. Mimi nilitangulia kwa kuwa nilikuwa na sauti. "Mimi ni Zaina binti Rajabu bin Mabruki, kwetu Ujiji." Ulicheka mpaka machozi. "Sema tena, mama," ukaniambia, nami nikasema tena. Ujiji yenyewe hukuwahi kuiona hata kwa mbali! Ulizaliwa nyuma ya msikiti huohuo, ukaogeshwa maji ya Kivu.

Lakini ile hadithi uliipenda. Babu alikuja na Wajerumani, mzigo wao kichwani, nawe ulisimulia kana kwamba aliyebebwa ni yeye. Mbelgiji naye akaja, akawakusanya Waswahili wote sehemu moja, akapiga vigingi, na kwenda kulala Nyakarenzo, hapo jirani tu, kukahitaji karatasi ya ruhusa. Hata hapo ulijisifu: "Siye tuko batu ba muji!" Kila bwana aliyekuja mlimtafutia cha kujivunia, na kila bwana aliwaacha vilevile, wageni. Mnanikera, wewe na wazee wenzako wote. Hao mabwana ndio kabisa, sina hata neno la kuwatukana likatosha.

Kisha uhuru. Bendera ikapanda, tukacheza barabarani mpaka viatu vikakatika. Miaka michache baadaye akaja karani, nyumba kwa nyumba, kuandika nani ni mwenyeji na nani si mwenyeji. Akasimama kwenye kiwanja chetu kule chini Cyangugu, karibu na ziwa, ulipojenga kwa mikono yako mwenyewe. "Muzee, weye kwenu ni wapi?"

Ukasita. Nilikuona, Papa. Ulitazama nyumba, ukatazama karatasi yake, mdomo ukafunguka useme hapa. Mimi nikadhani umesahau! Nikaruka mbele, mtoto wa miaka tisa, nikataja yote bila kukosea: Zaina binti Rajabu bin Mabruki, kwetu Ujiji.

Karani akacheka. "Huyu mutoto ana akili sana." Akaandika. Nawe, badala ya kuniziba mdomo, badala ya kumwambia huyu ni mtoto, anacheza tu, uliniwekea mkono kichwani. Ulijivuna! Mbele ya karatasi ile, ulijivuna.

Mvua za msimu ule hazijaisha, kiwanja kikapewa mwingine. Kwenye karatasi yake sisi tulikuwa batu ba inje, watu wa nje. Tukavuka mpaka kwa daraja la Rusizi, cherehani kichwani mwa Mama, na kule Bukavu wakatupokea kwa, "Nyie Banyarwanda, murudi kwenu." Ulishona suruali za watu kwenye baraza ya kukodi mpaka mgongo ukapinda. Ijumaa za kule hukutupanga tena mkekani, nami nikafikiri ni uchovu wa kazi. Ukafia huko. Mama naye.

Nimerudi peke yangu, nimepanga chumba kimoja. Kiwanja chetu nakipita nikienda kununua samaki, natazama upande mwingine. Nina wajukuu sasa, huja kunitembelea, na nikisikia mmoja wao anaulizwa kwao wapi, namwita ndani aje kunitungia uzi.

Miaka yote ile, Papa, hukuniambia neno. Nilikula ugali wako, nilishonewa gauni la Idi kama kawaida, na wewe ulijua. Mama alijua. Mimi nilikuja kuelewa nikiwa mtu mzima na watoto wangu, nikaachwa nalo peke yangu, hakuna wa kumwomba radhi. Kwa nini hukunichapa? Kofi moja tu, ningelia, tungeyamaliza. Mungu akurehemu, nakuombea kila siku. Lakini kwamba hukunilaumu hata mara moja, hilo sijakusamehe.

Ni mimi,
binti yako wa kwanza