Barua Yako Nzuri, Mjomba

Chumba cha sita, ghorofa ya juu,
Nyuma ya kiwanda cha kufulia nguo.
Jumapili, baada ya zamu ya asubuhi.

Mpendwa Mjomba,

Shikamoo. Nimeandika shikamoo kwa sababu ndivyo ulivyonilea, na mkono wangu haujui kuanza kwa neno jingine. Goti lako linaendeleaje? Mkeo alipata ile miwani? Na paa la jikoni, bado linavuja? Natumaini mko salama wote, ila leo natumaini huku nimeuma meno.

Mimi ni mzima, kadiri mtu anayekunja mashuka ya hospitali kutwa nzima anavyoweza kuwa mzima. Vidole vimebabuka kwa dawa na mgongo si wangu tena. Msimamizi wetu ananiita "mama" ingawa amenizidi umri, na siku akiamka vibaya ananipeleka kwenye mashine ya kunyoosha, kule kwenye joto. Lakini sijakuandikia ili nilie shida zangu.

Nimekuandikia habari za mdogo wangu, Sindano wetu. Wamemnyima hifadhi, Mjomba. Na kilichomponza ni barua yako.

Tulia, usiitupe hii. Isome mpaka mwisho, kama ulivyokuwa ukitulazimisha sisi kusoma, fimbo ikiwa mezani.

Labda hujui hifadhi inaombwaje, kwa hiyo nikueleze taratibu kama wakili alivyotueleza sisi. Njaa haitoshi. Kukosa kazi hakutoshi. Ukipigwa na kibaka barabarani, pole yako, lakini nayo haitoshi. Lazima uonyeshe kwamba ukirudi utaumizwa, na sababu iwe kabila lako, au dini yako, au taifa lako, au msimamo wako wa siasa, au kwa kuwa wewe ni mmoja wa kundi fulani la watu. Tena uonyeshe kwamba polisi wa kwenu hawatakulinda, na kwamba hata ukihamia mji mwingine utafuatwa. Na hofu yenyewe iwe ya leo, ya ukirudi sasa hivi. Kama mambo yamekwisha, basi na wewe huna kesi. Hapo pa mwisho ndipo ulipotumaliza.

Maana hayo mengine yote Sindano alikuwa nayo. Alishona sare kiwandani, akawashawishi wenzake waunde chama chao cha wafanyakazi, wakamchagua katibu. Wale vijana wa chama tawala wakamngoja getini. Wakamvunja vidole vya mkono wa kulia, kimoja kimoja, na wakamlazimisha ahesabu kwa sauti. Alipokwenda polisi wakamuuliza fundi cherehani anatafuta nini kwenye siasa. Yeye akakimbia. Rafiki yake, yule mkata vitambaa, akasema hakimbii, kwani ameiba? Wewe ndiye uliyesoma wasifu wake makaburini, Mjomba, na sauti haikutetemeka.

Wakili akasema tunahitaji mtu mzima wa huko anayeyajua haya yote, ayaandike kwa mkono wake na atie sahihi. Sindano nusura aruke. "Mjomba! Mwalimu mstaafu! Nani atabishana na mwalimu?" Hata mimi nilifurahi, nisikufiche.

Barua ikaja. Mwandiko wa kupendeza, mistari imenyooka bila rula. "Sisi huku hatujambo, wazima wa afya, hatuna shida yoyote isipokuwa kuwakumbuka ninyi." Yale mambo madogo yaliyotokea, ukaandika, yamekwisha kwa uwezo wa Mungu. Wale vijana nao wamekua, wana adabu, mnasalimiana vizuri, na walikuja hata kukusaidia kupaka rangi nyumba. Kitanda cha Sindano kiko palepale, na mkeo hubadilisha shuka kila wiki.

Mambo madogo! Mtu amezikwa kwa mambo madogo hayo, na jeneza umelibeba wewe.

Nilipokupigia simu kukuuliza, ulinijibu kwa upole wako ule ule: "Mwanangu, tutajianika vipi mbele ya wageni? Watu wenye akili wataelewa tu." Wangeelewaje, Mjomba? Sisi tukiulizwa habari tunasema nzuri, hata kama maiti iko sebuleni. Nzuri, ila tumefiwa. Watu wa ofisi ya hifadhi huishia pale kwenye nzuri, wanaigonga muhuri, wanaita mwingine. Na wewe hata hiyo "ila" hukuiweka.

Yule mama aliyemhoji alikuwa mpole, na hilo ndilo linaloniuma zaidi. Alimletea Sindano maji ya kunywa. Kisha akamsomea barua yako kupitia kwa mkalimani, sentensi kwa sentensi, na kila akimaliza moja anamuuliza: "Kwa hiyo mjomba wako anadanganya?" Unadhani alijibu nini, mtoto uliyemlea tangu mama yetu afe? Kila mara alijibu, "Hapana. Mjomba hasemi uongo." Wakayaandika hayo, wakamnyima.

Wakili alikuwa tayari kukata rufaa. Mimi nilikuwa nimejiandaa kuja kukupigia magoti kwenye simu uandike upya, uandike kama yalivyo. Lakini pale wanapowazuia walionyimwa, Sindano alikuwa akiisoma barua yako kila siku. Imechanika kwenye mikunjo. Mwishowe akaiamini, Mjomba. Hakuna aliyemshika shingo. Ameomba mwenyewe karatasi ya kurudi kwa hiari, akatia sahihi kwa mkono wa kushoto, na Alhamisi anapanda ndege. Nimelia, nimemtukana, nimemwita mpumbavu mbele ya askari. Akanijibu kwamba kukaa sana ugenini kumenifanya niwaone watu wote wabaya.

Basi juzi nikakupigia ili umzuie wewe, kwa kuwa mimi hanisikii. Ulishangilia mpaka nikaitoa simu sikioni. Ukasema umeshawatangazia watu wote. Ukasema gari la kumpokea kiwanjani limepatikana, tena bure, la yule mkubwa wa wale vijana, ambaye siku hizi ana cheo na dereva. Eti ulimpa habari mwenyewe, akajitolea hapohapo, ukaona ni heshima kubwa. Kisha bila kuniuliza ukaniweka kwenye spika ili nimsalimie. Nikasikia mwanamume ananiambia, "Shikamoo, dada. Usiwe na wasiwasi, tutampokea vizuri sana." Wenzake wakacheka. Na wewe, Mjomba, ukacheka nao. Nilikata simu.

Ndiyo maana sipigi tena. Barua hii anakuletea jirani yangu msusi, anasafiri kesho na atakupa mkononi. Usiisome mbele ya mtu, na usimpe mtu aisome.

Jana nilikwenda kumuaga Sindano. Nikamwambia hilo gari asilipande, ajifanye mgonjwa, ajifungie chooni kiwanjani, afanye lolote. Akanicheka. Akanionyesha shati alilokushonea huko ndani kwa kitambaa walichompa cha kujifunzia. Kola imekwenda upande kidogo kwa sababu ya vile vidole, naye anaomba usimfokee. Nilipozidi kumsihi, akaniuliza kama mtoto, "Dada, kwani Mjomba si atakuwemo ndani?"

Muda ukaisha, askari akanitoa.

Msalimie sana mkeo, na binamu zangu wote wakubwa kwa wadogo. Mpe pole mjane wa mkata vitambaa, na ukiwa kwake muulize yeye kama mambo yamekwisha. Mungu akupe umri mrefu, na humo ndani ya umri akutilie na woga kidogo, maana umeukosa wakati tunauhitaji.

Sasa sikiliza. Kama unaweza, mtoe kiwanjani kwa njia nyingine, panda naye basi lolote linaloondoka, nendeni msikojulikana wala msipitie nyumbani. Lakini nakujua. Utaona haya kumkatalia mtu aliyekuja na gari lake na suti. Basi panda hilo gari, ukae na Sindano kiti kimoja, umshike mkono kama ulivyokuwa ukimshika akiwa mdogo. Mbele ya safari litasimama. Watakuambia kwa adabu zote, "Mwalimu, umechoka, wewe shuka hapa upumzike, sisi tutamleta." Watakufungulia na mlango, na mmoja atakupa bega ujishikilie.

Usione haya, Mjomba. Usishuke.

Mimi mpwa wako, ninayekupenda hata leo,
Dada yake Sindano.